Mheshimiwa wa Alby

Kwachu, kwachu, kwachu. Perpétue alifumbua macho gizani akatega sikio. Sauti ilitoka kwenye ujia, karibu na mlango, pale viatu vya nyumba nzima vinapopangwa juu ya zulia la plastiki. Ilikuwa brashi ya viatu. Ilisita kidogo, kama inavuta pumzi, kisha ikaendelea.

"Papa Arielle," aliita kwa sauti ya chini ili mtoto asiamke. "Ibada ni saa tano."

"Najua."

"Sasa kiwi cha nini alfajiri yote hii?"

"Leo nina kazi," Évariste akajibu, na brashi ikaongeza mwendo.

Perpétue akavuta blanketi mpaka kidevuni. Kazi. Yeye ndiye aliyekuwa na kazi katika nyumba hii, mpaka majuzi. Alihudumia wazee majumbani mwao, kutoka Alby mpaka Norsborg, vitongoji vya Stockholm: kuwaosha, kuwavalisha, kuwapashia uji, kuhakikisha wamemeza dawa. Kampuni ilikuwa ya Clovis, Mkongomani mwenzao na shemasi wa kanisa lao, na wafanyakazi waliitwa kwa saa. Kila jioni ratiba ya kesho iliingia kwenye simu. Siku moja kwenye kikao Perpétue alinyoosha mkono akauliza, kwa adabu zake zote, mbona muda wa kutoka kwa mzee mmoja kwenda kwa mwingine haulipwi, na ndani ya muda huo kuna kusubiri basi na kukanyaga theluji. Clovis alitabasamu akasema swali ni zuri. Tangu jioni ile ratiba haikuingia tena. Hakufukuzwa. Hakuitwa tu.

Tangu hapo kila jioni alikuwa akiiweka simu dirishani, uso juu, kama mtu anayetegea mvua.

Alhamisi Clovis alikuja mwenyewe, amebeba katoni ya soda, sukre kama Wakongomani wanavyoziita. Alivua viatu mlangoni, akaketi kwenye sofa, akamgeukia Évariste kana kwamba Perpétue hayupo, ingawa ndiye aliyekuwa akimmiminia chai.

"Excellence," alisema, akimpa uheshimiwa wake kwa Kifaransa, "mambo ya kwetu tuyamalize kwetu. Tukiyatoa nje, Wazungu watatucheka. Jumapili baada ya ibada mama aje ukumbini, aseme neno moja tu la kuomba radhi mbele ya wenzake. Wewe utakaa mezani, utatupatanisha, na Jumatatu anarudi kwa wazee wake. Nani hapa Stockholm ana uzoefu kama wako? Umekuwa waziri wa kazi."

Évariste alinyoosha mgongo. Perpétue aliuona ule mgongo ukinyooka, mfupa kwa mfupa.

"Wa elimu na kazi," akasahihisha.

"Wa elimu na kazi," Clovis akakubali. "Voilà."

Ilikuwa kweli. Kule kwao, mashariki mwa Kongo, Évariste alianza kama mwalimu wa hesabu, akawa mkaguzi wa shule, mpaka gavana mmoja alipotafuta mtu asiye na maadui akampa uwaziri wa mkoa, wizara mbili kwa mpigo, kwa sababu nyumba ya kumweka waziri wa pili haikupatikana. Alidumu mpaka gavana alipoanguka. Gavana akianguka, mawaziri wake hawaanguki, wanamwagika tu, kila mmoja upande wake. Walipofika Stockholm, watu walidondosha yale maneno "wa mkoa," naye hakuinama kuyaokota. Kwenye harusi za Wakongomani kule Hallonbergen alikalishwa mbele na kupakuliwa wa kwanza. Siku za kazi alikwenda shule ya Kiswidi ya watu wazima, akaketi nyuma kabisa, mahali ambapo mwalimu, binti aliyeweza kuwa mwanawe, hakuweza kumwona akihesabu vidole kutafuta kitenzi.

*

Asubuhi Perpétue alimchana Arielle nywele mezani. Mtoto alikuwa na miaka minane na kichwa chenye kuuma haraka. Aliuliza kwa Kiswidi kama ni lazima aende.

"Ni lazima," Perpétue akajibu kwa Kiswahili. "Hakuna wa kukaa nawe."

Kwa Kiswidi tena, mtoto akauliza kama kutakuwa na keki.

"Kutakuwa na maneno. Geuza shingo."

Évariste alitoka chumbani. Suti ya kijivu ilikuwa imempwaya mabegani, lakini tai alikuwa ameifunga vizuri, na viatu viling'aa hata chini ya ile taa hafifu ya jikoni. Alikaa, akakata mkate wake vipande vinne kama alivyozoea.

"Nitaufungua mkutano kwa ufupi," alisema. "Kisha mwajiri. Kisha wewe. Kisha nitahitimisha."

"Utakaa upande gani?"

"Mwamuzi anakaa katikati, Mama Arielle."

"Katikati ya Clovis na nani?"

Évariste akapaka siagi. Alikuwa mtu mpole. Hajawahi kumwinulia mke wake sauti, wala mkono. Alijua pia kwamba kodi ya nyumba inasubiri, na kwamba neno moja tu la kuomba radhi halimuui mtu. Angeweza kusema hivyo. Badala yake alisema, "Mimi nataka tu urudi kazini."

"Najua," Perpétue akajibu, na ilikuwa kweli kwamba alijua. Ndiyo maana alikuwa akimchana mtoto nywele badala ya kugombana.

*

Ibada ilipokwisha, nje ya ukumbi walimkuta Dativa, Mhaya wa Bukoba, mfanyakazi mwenza wa Perpétue. Alikuwa akirukaruka kwa baridi, mikono kwapani.

"Shikamoo, Mheshimiwa!"

"Marahaba," Évariste alijibu kwa utulivu wa ofisini, akamwelekeza Arielle mlangoni na kuingia naye.

Dativa akasubiri mlango ufungwe. "Waziri wa elimu na kazi," akasema. "Elimu bado anaitafuta darasani, kazi hana. Lakini kiatu, dada! Kwenye kile kiatu unaweza kujipaka wanja."

Perpétue alicheka kabla hajajizuia. "Usimcheke. Ni wangu."

"Simcheki yeye, nacheka kiatu." Kisha Dativa akaacha mzaha. "Yule mama wa chama cha wafanyakazi, nilikupa namba yake. Kwa nini hukumpigia?"

"Clovis anasema mambo ya kwetu tuyamalize kwetu."

"Ya kwetu wapi? Theluji hii ni ya kwetu? Basi la Norsborg ni la kwetu? Mwenzangu, sisi tukiumwa jino tunakwenda kwa daktari. Tukidhulumiwa kazini, tunapiga magoti, tunaleta soda."

"Yeye ndiye aliyenipokea, Dativa. Nilikuwa sijui hata kusema 'habari za asubuhi' kwa Kiswidi. Nani mwingine angenichukua?"

"Mimi pia alinipokea. Ndiyo nimlipe kwa miguu yangu mpaka nife?"

Perpétue alifuta theluji kwenye viatu vyake, kulia, kushoto, akaingia.

*

Ukumbi ulikuwa wa kukodi, chumba cha chini cha jengo, na baada ya ibada akina mama walikuwa wameupanga haraka. Meza kuu ilifunikwa kitambaa cheupe. Juu yake yalikuwepo maua ya plastiki, chupa za maji na zile sukre za Clovis, zimepangwa mstari kama askari. Nyuma ya meza palikuwa na viti viwili vyenye mito. Upande wa pili, wafanyakazi wa kampuni walikaa kwenye viti vya kukunja. Na katikati, peke yake, kati ya meza na watu, kiliwekwa kiti kimoja.

Perpétue alikitazama akafahamu ni cha nani. Aliketi, akaweka mkoba mapajani. Arielle alikalishwa pembeni, karibu na Orpha, msichana wa Kongo aliyeajiriwa mwaka ule, akapewa kalamu za rangi.

Clovis aliomba kwa kifupi, kisha akasimama. Alikuwa mtu mnene, mwenye macho mekundu ya kukosa usingizi. "Ndugu zangu, sisi ni familia. Kampuni hii niliianza na gari bovu na Mungu. Mtoto wa familia akiteleza, hapigwi, anaitwa. Leo tumemwita dada yetu. Na tumebahatika kuwa na baba wa kutuongoza. Excellence, karibu."

Makofi yakapigwa. Évariste akasimama, akafunga kifungo cha koti. Alinusa ile harufu ya kitambaa kilichopigwa pasi na maua ya plastiki, na ghafla mdomo ukajua njia wenyewe.

"Ndugu mwajiri, ndugu wafanyakazi, wananchi wa mkoa wetu..." Alisita. Mtu mmoja nyuma alikohoa. "Ndugu zangu. Upatanisho una kanuni. Kanuni ya kwanza, pande zote zisikilizwe."

"Excellence," Clovis akamnong'oneza, lakini wote walisikia, "hakuna pande. Mama atasema lile neno, tutakunywa, tutakwenda nyumbani."

"Kanuni ni kanuni," Évariste akasema. Hakuwa na nia ya ubishi. Ilikuwa ni raha tu ya kufanya jambo alilolijua, baada ya miaka ya kufanya mambo asiyoyajua. Akamgeukia mke wake kama mtu aliyemwona leo. "Mama, tueleze siku yako ya kazi. Tangu unapoianza."

Perpétue alimtazama. Anachelewesha tu, alidhani, anaonja kiti. Lakini ameulizwa, akajibu.

"Naanza Alby, kwa mzee aliyepooza. Namwosha, namvalisha, namlisha. Nikifunga mlango wake, saa yangu inasimama. Nakwenda kituoni. Basi likiwa limepita, nasubiri jingine. Nafika Norsborg kwa bibi Gunvor, saa yangu inaanza tena. Nikitoka kwake, inasimama. Hivyo hivyo mpaka jioni. Natoka nyumbani giza, narudi giza, na kwenye mshahara siku yangu ni nusu."

"Na mapumziko?" Évariste akauliza, kwa sababu swali hilo ndilo linalofuata.

"Mapumziko ni pale saa inaposimama."

"Unakula wapi?"

Kila jioni, tangu aanze kazi ile, Perpétue alipokuwa akivua koti, mume wake alimuuliza: umekula? Naye kila jioni alijibu: nimekula. Hakuwahi kudanganya.

"Kwenye ngazi," alisema.

"Ngazi gani?"

"Ngazi za jengo la bibi Gunvor. Kati ya ghorofa ya kwanza na ya pili kuna hita. Nakaa pale, nafungua bakuli langu."

"Watu wakipita?"

"Nasimama, nawapisha." Vidole vyake vilikuwa vikifungua na kufunga zipu ya mkoba. "Wengine wanasalimia. Siku moja mama mmoja alipanda na mbwa wake. Alinitazama, akapita. Akarudi. Akanipa sarafu."

"Alidhani huna makao," Évariste alisema taratibu.

"Ndiyo."

"Ukafanya nini?"

"Kiswidi hakikunijia upesi. Nikasema asante."

Évariste alikuwa bado amesimama. Mkono wake ulikuwa juu ya kitambaa cheupe, na wale waliokaa mbele waliona kitambaa kikijikunja chini ya vidole. Akafumbua mdomo ahitimishe, kama alivyopanga, lakini mdomo uliojua njia muda mfupi uliopita ulikuwa umepotea.

Clovis ndiye aliyesema. Sauti yake haikuwa ya hasira. "Mnanitazama hivyo kwa nini? Mnadhani mimi nalipwa hizo dakika za barabarani? Wanaonipa kazi wananilipa dakika za ndani ya nyumba ya mzee, basi. Nikiwalipa ninyi za nje, nazitoa wapi? Usiku silali, napiga hesabu. Excellence, wewe umeongoza watu, unajua. Kichwa cha kiongozi hakina mto. Tuhitimishe. Mama aseme neno lake."

Na hapo Perpétue, ambaye alikuwa amekuja na lile neno tayari ulimini, ambaye alilirudia njia nzima kama dawa chungu anayotaka kuimeza haraka, aliona hawezi tena kulisema.

"Sina kosa la kuombea radhi, shemasi," alisema. "Nisamehe kwa hilo."

"Excellence!" Clovis akaita, kama mtu anayeita gari.

"Usimsumbue," Perpétue akasema, bado kwa upole. "Hayo ni mazoea yake. Nilikuwa mwalimu wa shule ya msingi kabla hajanioa. Tuligoma, maana mishahara haikuja. Tukaenda kwa waziri wa elimu kumshtaki. Akatuambia, mashtaka ya mishahara nendeni kwa waziri wa kazi. Tukatoka mlangoni, tukazunguka jengo, tukaingia mlango wa pili. Tukamkuta ni yeye yule yule, amebadilisha kiti. Akatusikiliza vizuri sana. Akatununulia sukre. Tukanywa, tukarudi madarasani."

Dativa ndiye aliyeanza kucheka, kisha Orpha, kisha ukumbi mzima, kicheko cha watu waliobana pumzi muda mrefu. Hata Clovis mdomo ulimcheza. Kilipokwisha, wote walikuwa wakimtazama Évariste, na yeye hakuwa amecheka.

Alishika kiti chake kwa mgongo. Meza ilikuwa imesogezwa karibu na ukuta, nafasi ya kupita ilikuwa ndogo, na ilimbidi akiinue kiti juu ya tumbo la Clovis. Mguu wa kiti ukagonga chupa, maji yakamwagika. "Pardon," alisema. Akazunguka. Akakiweka kiti chini kando ya kile cha mke wake, akaketi, wakawa wawili wanaotazamana na meza.

"Excellence, kiti chako ni huku," Clovis akasema.

"Huko ni kwa mwamuzi. Mimi ni mume wake. Haiwezekani."

"Kwa hiyo umekuja kunitia aibu mbele ya watu wangu?"

"Sikuja kwa hilo. Nilikuja kukaa mezani." Évariste akajibu. "Nilikuwa sijui habari ya ngazi."

Clovis akapangusa maji kwa kiganja, muda mrefu kuliko maji yenyewe. Kisha akasema, wazi, ili wasikie mpaka wa nyuma: "Sawa, Bwana Évariste."

Bwana Évariste. Baadhi ya akina mama wakainamisha vichwa kama wameona mtu akivuliwa nguo. Ilikuwa miaka mingi hakuna mtu wa jamii yao aliyemwita hivyo, hata watani, hata wagomvi. Évariste akaitikia kwa kichwa, kama mtu anayesikia jina lake likisomwa hospitalini. Ndiyo, ni mimi.

"Mimi nakula kwenye chumba cha kufulia nguo," sauti ikasema.

Wote wakageuka. Alikuwa Orpha. Alikuwa mdogo wao wote na hajawahi kusema kikaoni. "Chumba cha chini, kwa mzee wangu wa tatu. Kuna joto. Lakini wakija kufua, natoka."

"Mimi kituoni," Dativa akadaka. "Mgongo kwa upepo, mkate ndani ya glavu. Siku ya baridi kali siagi ilinishinda meno!"

Mwingine akasema anakula kwenye lifti iliyoharibika. Mwingine hali kabisa. Haikuwa kelele. Kila mmoja alisema pake, kama watu wanaosema walikozaliwa.

"Mimi mwenyewe nilipoanza nilikula kwenye gari," Clovis akasema. "Mnadhani nilikuwa na mgahawa?"

"Lakini ulikuwa na gari, papa shemasi," Orpha akajibu, bila ubaya wowote.

"Basi Jumatatu tusiende wote!" Dativa akasema, amesimama. "Asipokwenda Perpétue, hakuna anayekwenda!"

Na aliyempinga alikuwa Perpétue. "Hapana. Bibi Gunvor hawezi kufungua chupa ya dawa. Mzee wa Alby atalala kwenye mkojo wake mpaka nani aje? Hawa hawajatukosea. Nendeni kwa wazee." Akavuta pumzi. "Lakini yule mama wa chama, Dativa. Nitampigia. Jina langu liwe la kwanza."

"La pili ni langu," Dativa akasema.

"Na langu," akasema Orpha.

Clovis akachukua koti lake. Alipita kati ya viti bila kumtazama mtu, lakini kando ya kiti cha Perpétue alisimama akipapasa mkono wa koti usioingia.

"Hizo ngazi," alisema kwa sauti ya chini. "Ni za jengo lile la njano? Karibu na duka?"

"Hapo hapo."

"Nilikuwa nikimhudumia Gunvor mwenyewe, zamani. Ile hita naijua, hata ikiwaka ni baridi." Akavaa kofia. "Dakika zile silipwi, mama. Sikudanganya."

"Nakuamini. Ungetuambia tu, shemasi. Tungelia pamoja."

Akatoka. Nyuma yake mezani, soda zilibaki vile vile, hakuna iliyofunguliwa.

*

Giza lilikuwa limeshaingia, ingawa mchana bado ulikuwa mchana. Walitembea watatu kwenye njia iliyomwagwa kokoto. Arielle alitangulia akipiga teke bonge la barafu. Évariste alikwenda taratibu, maana viatu vyake vya ngozi viliteleza, na mara mbili Perpétue alimdaka kiwiko.

"Nimekupotezea kazi," alisema.

"Kazi haikuwepo."

"Ilikuwepo kesho. Kwa neno moja."

"Neno lenyewe lilikuwa kinywani mwangu. Sikulisema mimi. Usijitwike lote peke yako, si wewe peke yako uliyekuwa ukumbini."

Treni ya chini ya ardhi ilipita mahali fulani chini yao, ardhi ikatetemeka kidogo, ikatulia.

"Ile sukre," Évariste akasema. "Kumbe ulikuwa miongoni mwa walimu wale. Hukuwahi kuniambia."

"Ungenioa?"

Alifikiri kwa uaminifu. "Ningeogopa."

"Ndiyo maana sikukuambia." Kisha, kwa kuwa alimwona mabega yakishuka ndani ya ile suti pana, akaongeza, "Lakini mabati uliyaweka. Shule yetu ilivuja miaka yote, na katika wakati wako ilipata mabati. Hilo siwezi kukunyima."

"Mabati ya shule yenu yalikuwa ya kijani."

"Ya kijani. Mvua ikinyesha hatukusikiana, lakini hatukulowa."

Évariste alicheka, kicheko kifupi kilichomtoka na moshi. "Na kesho tutakula nini, Mama Arielle?"

"Kesho tutakula maharage. Keshokutwa ndiyo sijui." Aliikaza mkononi mifuko miwili ya chakula waliyonunua njiani, kana kwamba ingedondoka. Sasa woga ulikuwa unamfikia, ule woga unaosubiri mtu atoke mbele za watu. Aliona kodi ya nyumba, aliona koti la Arielle lililokuwa fupi mikononi. Hakujuta. Lakini kutojuta hakulipi kodi, na alilijua hilo vizuri kuliko mtu yeyote katika mtaa ule.

Évariste akaivuta ile mifuko kutoka kwake, mmoja, kisha wa pili.

Nyumbani alivua koti la suti, akalitundika, akaingia jikoni na shati lake jeupe. Hakujua chungu cha maharage kinakaa kabati gani. Alifungua la kwanza, la pili, la tatu, na Perpétue akiwa bado anavua viatu mlangoni alimwacha atafute.

"Bakuli lako la kazini ni lipi?" akauliza kutoka huko.

"Lenye kifuniko chekundu. Kwa nini?"

"Nataka kuliona tu."

Hakwenda kumtazama. Alisikia kabati likifunguka, kisha kimya, kisha maji ya bomba, mtu akiosha kitu kilichokuwa tayari ni safi.

Arielle alikuwa amejitupa kwenye sofa na koti lake la theluji, akaichukua simu ya mama yake dirishani ili acheze. Perpétue alitaka kumkemea kwa ile theluji inayoyeyuka juu ya mito, lakini hakuwa na nguvu. Alikaa kwenye zulia la plastiki pale pale mlangoni, kiatu kimoja mguuni, akaegemeza kichwa ukutani.

Simu ikalia mlio mfupi. Mtoto akaisogeza karibu na macho, midomo ikicheza kama anavyofanya akisoma. Maji ya jikoni yakafungwa. Évariste akatokea mlangoni na bakuli mkononi, linachuruzika.

Arielle akainua kichwa, akamtafuta mama yake kwa macho, na kwa Kiswahili akasema kwa sauti:

"Mama, kesho unaenda kazini."